Matanga ya Bodi

Mwijage wa Izigo alikuwa fundi seremala hodari na mdai hafifu. Dawati lake lingekaliwa na watoto watatu wakorofi, wasukumane mwaka mzima, lisitoe hata mlio mmoja. Lakini mtu akimwambia, "Nitakulipa mwisho wa mwezi," hakuwa na desturi ya kuuliza mwezi gani. Kwa hiyo Bodi ya Samani za Shule ilipomwagiza madawati ya shule zote kuanzia Izigo hadi karibu na Rubya, hakuuliza chochote. Serikali ni yetu, alijiambia, tumejitawala, nani atamdhulumu nani? Akaranda, akapigilia, akapaka vanishi, akapeleka madawati yote, akasainiwa kwamba yamepokelewa. Kisha akakaa kungoja malipo.

Alingoja mpaka vanishi ikaishia kwenye kaptula za wanafunzi.

Mbao za madawati yale alizichukua kwa mkopo kwa Muhidini, mfanyabiashara wa mjini Bukoba, mtu mpole aliyeswali kwa wakati na kudai kwa wakati. Muhidini alitaka dhamana, na Mwijage hakuwa na kitu cha thamani isipokuwa kibanja chake, lile shamba la migomba na kahawa aliloachiwa na baba yake. Humo ndimo alimozikwa baba yake, na babu yake, na Klaudia, mtoto wao wa kwanza, ambaye hakuishi kutimiza mwaka. Waliandikiana kwamba msimu wa kahawa ukiisha bila deni kulipwa, kibanja ni cha Muhidini.

Na Theopista, mke wake, hakuambiwa. Mwijage alikuwa na sababu nyingi nzuri za kutomwambia, naye alijieleza zote mwenyewe usiku akiwa kitandani, kwa kuwa hapakuwa na mtu mwingine wa kumweleza. Theopista alijua tu kwamba serikali haijalipa, na kwamba mumewe siku hizi anakula kidogo. Mwijage kula kidogo, kwa waliomfahamu, lilikuwa jambo la kuitiwa mganga.

Mwishowe alipanda lori la ndizi akaenda Bukoba. Katika jengo la Bodi alikuta kibao kimeng'olewa, na ndani ameketi bwana mmoja wa Kashozi aitwaye Ildefons, suti ya Kaunda imenyooka, kalamu tatu mfukoni.

"Bodi imevunjwa, Ndugu," alisema Ildefons.

"Imevunjwa na nani?"

"Na tangazo. Kazi zake zimegawanywa. Za upande huu ninazo mimi. Za upande wa kwenu anazo Ndugu Rugambwa, wilaya mpya, Muleba. Wewe ni mtu wa Izigo, nenda Muleba."

Akaenda Muleba kwa baiskeli. Wakati ule ofisi za Muleba zilikuwa bado zinanukia rangi, na nyingine zilikuwa hazijapata hata hiyo rangi. Rugambwa alikuwa kijana aliyesoma seminari ya Rubya, akaacha upadre, akabaki na sauti ya kipadre. Alimpokea vizuri, akamkaribisha kiti, akamsikiliza hadi mwisho.

"Pole sana, tata," alisema, akimwita baba kwa Kihaya. "Lakini deni hili liliingiwa Bukoba, likasainiwa Bukoba. Huku sisi tumezaliwa juzi tu. Mtoto aliyezaliwa juzi atadaiwaje?"

Mwijage akarudi Bukoba. Ildefons akamrudisha Muleba. Rugambwa akamrudisha Bukoba, safari hii na barua. Ildefons akaisoma barua, akausifu mwandiko, akamrudisha Muleba. Kahawa shambani ilikuwa imeanza kuwa nyekundu, na kila tunda lililoiva Mwijage aliliona kama linamcheka.

Basi akakata shauri kushtaki. Alivaa kanzu yake ya Pasaka, akaenda kumwona hakimu, mzee Buberwa, mtu mnene mwenye kicheko cha chini kwa chini, ambaye hakupenda mtu atoke kwake bila kuelewa.

"Kuishtaki serikali unaweza," alisema Buberwa. "Sheria haijakukataza. Lakini ina ngazi. Kwanza utatoa ilani ya kudai. Ukinyamaziwa, utaomba ruhusa kwa waziri, Dar es Salaam. Ruhusa ikija, ndipo kesi."

"Na nikishinda, nitalikamata gari lao?"

"Hapana. Mali ya serikali haikamatwi. Hukumu itaandikwa kwamba unadai, kisha hazina italipa."

"Lini?"

Buberwa alicheka kile kicheko chake. "Lakini, waitu, ndugu yangu, hata hayo hatujayafikia. Hii ilani yako unamwandikia nani? Bodi haipo. Mimi siwezi kumwita maiti mahakamani. Niletee mdaiwa aliye hai, mwenye ofisi na jina, anayekubali kwamba amemrithi marehemu. Hapo mimi na wewe tutakuwa na la kuzungumza."

Hakimu alisema "marehemu" kwa mzaha. Mwijage hakulichukua kwa mzaha. Njia nzima ya kurudi Izigo, akisukuma baiskeli kwenye vilima na kuipanda kwenye miteremko, neno lile lilimzunguka kichwani, na alipofika kwenye migomba yake alikuwa anatabasamu peke yake.

Kwa Wahaya, mwenye mji akifa, ukoo hukaa siku ya kumaliza matanga. Huulizwa marehemu ameacha nini. Huulizwa nani anamdai na nani anadaiwa naye. Kila mtu husema mbele ya watu, kisha mrithi hukalishwa kwenye kiti cha marehemu na kupewa mkuki wake. Anayechukua shamba amechukua na madeni. Hakuna anayesema mimi nitabeba ng'ombe, madeni mpeni mdogo wangu. Mwijage alikuwa amehudhuria matanga tangu akiwa mgongoni kwa mama yake, na hakupata kuona deni likikosa mwenyewe.

"Bodi imekufa, au haikufa?" alimuuliza Theopista jioni ile.

"Si unasema imekufa?"

"Imeacha mali, au haikuacha?"

"Imeacha."

"Basi ina warithi. Tuifanyie matanga."

Theopista alicheka mpaka akaegemea nguzo ya nyumba. Alimwambia kwamba kukosa usingizi kumemharibu, kwamba watu wa Izigo watawaimba mpaka wajukuu zao. Kesho yake asubuhi, hata hivyo, alikuwa bondeni na wanawake wenzake wakikata majani laini ya kutandika sakafuni, maana matanga hayafanywi kwenye sakafu tupu. Mwijage na majirani wakamenya ndizi mbivu, wakazikanyaga kwenye mtumbwi wa pombe, na rubisi ikaanza kuchacha.

Paroko alikataa kulitangaza jambo lenyewe kanisani. Alisema Kanisa halina sala ya kuombea bodi. Kwa hiyo Mzee Rwegasira, mkubwa wa ukoo wa Mwijage, mtu ambaye uso wake haukuwahi kuonyesha kama anatania au la, alisimama nje ya mlango baada ya misa na kutangaza kwamba Bodi ya Samani za Shule ilifariki bila kuugua, kwamba Jumapili ijayo inamalizwa matanga nyumbani kwa Mwijage, na kwamba anayeidai na anayedaiwa nayo afike.

Habari zilipanda vilima na kushuka. Ildefons alipewa pole sokoni Bukoba na watu wasiomjua. Rugambwa alipokwenda Rubya kumsalimia mama yake, alimkuta amejitanda kitenge cheusi.

"Nasikia umefiwa na mimi sikuambiwa," alisema mama yake.

"Hakuna aliyekufa, mama. Ni bodi tu."

"Na wewe imekuachia kitu?"

"Imeniachia ghala la mbao. Na mashine ya kupigia chapa."

"Basi nenda, mwanangu. Nisije nikasikia kwamba mtoto wangu alichukua mali akakimbia matanga."

Jumapili ile Izigo ilijaa. Wengine walikuja kwa ajili ya rubisi, hilo hatulifichi, lakini walikuja. Ildefons alifika kwa Land Rover ya Bodi, ambayo aliichukua siku ileile kibao kilipong'olewa. Rugambwa alifika kwa baiskeli ya kuazima, suruali imepigwa matope hadi magotini, na kabla hajasalimia mtu alilitazama lile gari kwa muda mrefu. Mwijage aliuona utazamaji ule. Fundi huujua uso wa mtu anayetamani kitu cha mwenzake.

Walikaa kwenye majani. Vikapu vidogo vya kahawa ya kutafuna vikazungushwa, kila mtu akachukua punje zake. Katikati paliwekwa kiti cha miguu mitatu, na mkuki ukaegemezwa ukutani.

"Marehemu ameacha nini?" aliuliza Mzee Rwegasira.

"Mbao," alisema Rugambwa. "Ziko kwangu. Na mashine ya chapa."

"Gari," alisema Ildefons. "Liko kwangu."

"Gari ni la Bodi nzima," alisema Rugambwa. "Wilaya yangu ina matope kuliko yako. Mimi nazungukia shule kwa baiskeli, wewe unakwenda nalo kunyolewa."

Watu wakacheka. Ildefons akarekebisha kalamu zake, akasema kwamba gari limesajiliwa Bukoba na litabaki Bukoba. Rugambwa akasahau sauti yake ya kipadre, akasema kwamba shule nyingi za Bodi ziko Muleba, madawati mengi yako Muleba, kwa hiyo kama kuna aliyeirithi Bodi kwa haki basi ni Muleba, na gari limfuate mrithi. Walibishana pale juu ya majani kama ndugu wawili wa baba mmoja, na wazee wakawa wanatikisa vichwa kwa raha, maana hapo ndipo matanga huwa matanga.

Rwegasira aliwaacha wachoke. "Kiti hiki hakikaliwi na wawili," alisema. "Aliye mrithi akae."

Rugambwa alikuwa bado amepandwa na hasira za gari. Alisimama, akapiga hatua, akaketi. Rwegasira akamkabidhi mkuki, na wanawake wakapiga vigelegele.

Ildefons alicheka. "Keti, Ndugu. Gari litabaki kwangu."

"Asiye mrithi akishika mali ya marehemu," aliuliza Rwegasira polepole, akiwatazama watu wote, "kwetu anaitwaje?"

Watu wakaangalia majani, kwa heshima. Kicheko cha Ildefons kiliisha, akaanza kutafuta punje za kahawa kwenye kikapu ambacho kilikuwa kitupu.

"Sasa wanaodai," alisema Rwegasira.

Rangi ya uso wa Rugambwa ilibadilika. Ilikuwa imemwingia sasa hivi tu, mkuki mkononi, ameketi mahali gani. Alidai mama mmoja aliyewapikia vibarua wa Bodi. Alidai mwenye lori. Kisha Mwijage akasimama, akayasema madawati yake shule kwa shule, na walimu waliokuwepo wakaitikia kwamba ni kweli, yapo, yanakaliwa. Aliposema neno la mwisho moyo wake ulikuwa mwepesi kuliko ulivyokuwa kwa mwaka mzima. Akageuka kukaa.

"Na mimi nadai," ilisema sauti kutoka mlangoni.

Alikuwa Muhidini. Alikuwa amekuja na basi kutoka mjini, kofia yake nyeupe kichwani, viatu amevivulia nje kwa adabu.

"Mimi simdai marehemu," alisema Muhidini. "Namdai Mwijage, mbao za madawati hayohayo. Naona haya kusema nyumbani kwake, lakini nimeambiwa leo ni siku ya kila mtu kusema. Dhamana yangu ni kibanja hiki tulichokaa. Msimu ukiisha bila malipo, ni changu. Sikutaka siku hiyo ifike watu waseme Muhidini alikuja kwa mlango wa nyuma."

Mwijage ndiye aliyeyaita matanga, yeye ndiye aliyetaka kila deni lisemwe hadharani, na sasa lake lilikuwa limesemwa. Hakuthubutu kumtazama mkewe. Alimsikia tu akisimama, majani yakichakarika chini ya miguu yake, akitoka nje. Kupitia mlangoni kila mtu alimwona Theopista akienda pale kwenye makaburi matatu chini ya migomba, akasimama kwenye lile dogo, mikono kiunoni. Mwijage aliona aibu ambayo hakuwahi kuiona tangu azaliwe. Angependa kumfuata, lakini mwenye matanga haondoki.

Theopista hakukaa sana huko. Alirudi na kibuyu cha rubisi na akaanza kuwahudumia wageni. Alianza na Muhidini, akakumbuka kwamba ni Mwislamu, akamletea maji kwa mikono miwili. Akawapa wazee. Akampa hata Ildefons. Alimpita mumewe bila kumpa. Mwisho akasimama mbele ya Rugambwa, akapiga magoti kama mwanamke wa Kihaya anavyompigia magoti mwenye mji, ingawa kijana yule angeweza kuwa mwanawe.

"Mimi marehemu sikumjua," alimwambia. "Sina ninachomdai. Nakudai wewe uliyekaa kwenye kiti. Mtoto wangu amelala pale, unamwona. Mwambie kama atahamishwa."

Rugambwa alitazama nje, kisha akautazama mkuki. Angeweza kusema kwamba haya ni michezo ya kijijini, kwamba serikali haiendeshwi kwa vigoda. Ildefons alishaanza kumkonyeza aseme hivyo. Lakini alikuwa Mhaya aliyeketi, na mbele yake palikuwa na mama aliyepiga magoti, na kule Rubya palikuwa na mama mwingine aliyekuwa akingoja kusikia.

"Hatahamishwa," alisema. "Madeni nimeyasikia. Ni yangu."

Jumatatu Mwijage alikuwa kwa hakimu kabla ofisi haijafunguliwa. Buberwa aliisikiliza habari yote akiwa ameshika tumbo, akapangusa macho, kisha akawa hakimu tena. "Umenipatia mdaiwa aliye hai," alisema. "Sasa tuandike ilani." Wakaiandika vizuri, kwa jina na cheo cha Rugambwa, na ndani yake wakataja watu waliomsikia akikubali. Rugambwa alipoipokea hakukasirika. Aliambatanisha ilani ile na barua yake mwenyewe kwenda mkoani, akieleza kwamba Muleba inaomba mali zote za Bodi, gari likiwemo, na inakubali madeni yake yote, na kwamba wasipoharakisha, mkoa mzima utakwenda mahakamani. Mkoani hawakuwahi kuona ofisi inayoomba kupewa madeni. Inasemekana barua ilipita meza zote bila kulala hata kwenye moja, kila mtu akiogopa mwombaji asije akabadili mawazo.

Land Rover ilifika Muleba ikivutwa na trekta. Ildefons alikuwa ametoa betri na tairi la akiba, akasema vitu hivyo alivinunua kwa jitihada binafsi.

Wiki zile nyumbani Izigo palikuwa na ukimya. Theopista alimpikia mumewe kama kawaida, ndizi za ebitoke na samaki, lakini alimwekea chakula bila neno, naye akala bila neno, na akagundua kwamba chakula cha namna hiyo hakishuki. Siku moja aliacha kula, akasema, "Nilikosa. Nilipaswa kukuambia."

"Ulipaswa kuniuliza," alisema Theopista. "Kuambiwa na kuulizwa havifanani, Baba Klaudia. Wewe unaona makaburi ya baba yako. Mimi pale nimeweka mtoto."

Mwijage hakujitetea. Alisema ndiyo, akasema tena ndiyo, na kuanzia jioni ile chakula kikaanza kushuka.

Malipo yalitoka kahawa ya mwisho ikiwa bado kwenye mikeka inakaushwa. Walikwenda Bukoba wote wawili, na fedha ilisafiri kwenye pindo la kitenge cha Theopista, si kwenye mfuko wa koti la mtu. Kwa Muhidini, Theopista alitaka hati ya dhamana isomwe kwa sauti kutoka mwanzo hadi mwisho kabla ya kuchanwa, ili ajue ni kitu gani hasa kilichokuwa kimekaa juu ya kichwa chake bila yeye kukiona. Muhidini akaisoma yote kwa subira, akaichana, akawapa na misumari ya zawadi.

Haukupita muda Rugambwa akaja Izigo, safari hii kwa gari lake, betri mpya, pembe ikilia tangu bondeni. Shule mbili mpya zilikuwa zinajengwa upande wa Rubya. Alitaka madawati, na meza za walimu, na makabati. Aliyasema yote kwa uchangamfu, akatafuna kahawa aliyokaribishwa, akasema malipo yatakuwa mwisho wa mwezi.

Mwijage alishasimama nusu. Mkono wake wa kulia tayari ulikuwa unaitafuta randa. Zamani angekuwa ameshakubali, angekuwa ameshapima mbao kwa macho. Akakaa tena.

"Mama Klaudia," aliita. "Ndugu Rugambwa anataka madawati. Tunasemaje?"

Theopista alitoka jikoni akifuta mikono. Alimtazama mumewe kwanza, akamtazama kwa muda hasa, na Mwijage akaona kwamba amesamehewa. Kisha akamgeukia mgeni, akaketi karibu naye kwenye majani, akaongea naye kwa upole, kama anavyoongea na mtoto wa nyumbani.

"Tutakutengenezea, mwanangu, na tutakutengenezea vizuri," alisema. "Lakini tuambie kwanza, na umwite Mzee Rwegasira asikie. Hiyo ofisi yako ikifa, mrithi wake ni nani?"